Garba, dhol na biti ya kisasa: kwa nini mchanganyiko wako haushikani

*"Mwalimu, nina studio ndogo Mombasa. Amenijia binti wa jamii ya Wagujarati, mzaliwa wa hapa hapa, anataka wimbo wa kisasa utoke kabla ya Navratri, ile sikukuu yao ya Kihindu. Uwe na garba, ngoma yao ya kucheza kwa duara, dhol, zile ngoma kubwa za Kipunjabi, ubeti wa Kigujarati, kiitikio cha Kiswahili, na mistari michache ya Kipunjabi ili wimbo uuzike India. Nimenunua lupu, vipande vya sauti vinavyojirudia, za dhol na za garba mtandaoni, nimeziweka juu ya biti yangu ya mapigo 112 kwa dakika, lakini zinakaa kama zimebandikwa kwa gundi. Nikiziacha zilivyo zinachelewa, nikizinyoosha kwenye gridi ya programu ili kila pigo likae sawasawa, zinakufa. Maneno ya Kiswahili nayo hayaingii kwenye lahani aliyokuja nayo, ambayo anasema ni garba ya zamani aliyokuwa akiimbiwa na bibi yake. Prodyuza mwenzangu ananiambia nisijisumbue, Bollywood wanachanganya kila kitu na watu wanacheza, na nyimbo za asili hazina mwenyewe. Je, kuna mtu atakuja kunidai? Na lugha tatu kwenye wimbo mmoja si nitawapoteza wasikilizaji?"*

Ndugu yangu, umeuliza mambo manne kwa pumzi moja, na yote nitayagusa. Kwanza nikurudishie nilivyokuelewa. Una vipande vizuri, kila kimoja ukikisikiliza peke yake kinapendeza, vikikutana vinagombana, na umeanza kushuku kwamba mkono wako ndio mbovu. Mkono wako hauna neno. Mtu asiye na sikio asingeandika "nikiziacha zinachelewa, nikizinyoosha zinakufa." Ugonjwa umeshautaja mwenyewe, kilichobaki ni kujua unatoka wapi.

Nianze na mwenzako, maana kauli yake ndiyo inayowapoteza wengi. Ukisikiliza juujuu, kweli Bollywood inaonekana kama inachanganya kila kitu. Lakini hakuna mdundo unaoitwa "wa Kihindi". Jedwali la Nane la Katiba ya India linataja lugha 22, na Kimarwari cha Rajasthan na Kibhojpuri cha Bihar, ambazo utazikuta kwenye nyimbo chungu nzima, hata hazimo humo. Kila eneo lina ngoma yake, na zaidi ya ngoma, lina namna yake ya kuliegemea pigo. Nyimbo zilizofanikiwa kuchanganya ya kale na ya kisasa, ukizikagua, karibu zote zimechagua mahali pamoja na kusimama hapo.

Sikiliza "Khalasi", uliotoka Coke Studio Bharat mwaka 2023, kazi ya Achint na mwimbaji Aditya Gadhvi. Ni wimbo wa baharia, umeimbwa Kigujarati, na sauti zote za kisasa zilizomo zimekuja kuhudumia mwendo wa Kigujarati. Sikiliza Hanumankind kwenye "Run It Up" ya 2025: anarap Kiingereza kitupu, lakini chini yake zinavuma chenda, ngoma za Kerala zinazopigwa kwa kundi kwenye sherehe za mahekalu. Hakutia dhol ya Punjab wala tabla, ngoma pacha za vidole, kwa kuogopa kwamba Kerala peke yake haitatosha. Au wachukue ndugu wawili wa Maharashtra, Ajay na Atul. Kibao chao cha Kimarathi "Zingaat" cha mwaka 2016 kilirudiwa kwa Kihindi mwaka 2018, wao wenyewe wakiwa watunzi. Lugha ilibadilika, mwendo wa ngoma ukabaki ule ule wa Kimarathi, na ndio uliobeba wimbo mara zote mbili. Kwa hiyo lugha unaweza kuichezea. Mwendo ndio nyumba.

Sasa tuingie kwenye dhol yako. Dhol ya Punjab ina nyuso mbili na fimbo mbili. Uso wa besi hupigwa kwa dagga, fimbo nene iliyopinda kichwani. Uso mwembamba hupigwa kwa tilli, nyembamba kama ufito. Mdundo wa bhangra unaousikia kila harusi unaitwa chaal, na wapigaji wanaukariri kwa mdomo kabla hawajashika fimbo: *dha na na na, na dha dha na*. "Dha" ni mikono miwili pamoja, "na" ni tilli peke yake. Hesabu nami, ni mapigo manane, na besi imekaa kwenye la 1, la 6 na la 7.

Siri iko hapa. Mapigo hayo manane hayalingani. Yanakwenda kwa jozi, la kwanza refu, la pili fupi, karibu sehemu mbili kwa moja. Pigo la 6 ni la pili katika jozi yake, kwa hiyo linachelewa kisha linamwangukia la 7 mgongoni. Huo mwanguko ndio unaoyarusha mabega ya mcheza bhangra. Kwa kasi yako ya mapigo 112, jozi moja inachukua kama milisekunde 536. Pigo la pili la dhol linakuja milisekunde 357 hivi baada ya la kwanza. Ukiamuru programu inyooshe, inalivuta lirudi katikati kabisa, kwenye 268. Umeliwahisha kwa karibu milisekunde 90, muda ambao sikio la mtu yeyote linausikia, hata asiyejua muziki. Ndiyo maana inakufa. Na ukiiacha ilivyo, dhol iko kwenye 357 na hi-hati zako, zile sahani zinazolia "tsi-tsi", ziko kwenye 268, zinapishana, nawe unasema dhol "inachelewa". Haichelewi. Ipo mahali pake, ila hakuna mwingine aliyekuja kuipokea.

Dawa ni kugeuza nani amfuate nani. Usiivute dhol ije kwenye biti, ipeleke biti kwenye dhol. Kwenye programu yako kuna kipimo cha swingi, kinacholichelewesha pigo la pili la kila jozi. Kipandishe kufikia asilimia 66 kwa hi-hati, shekeri na chochote kinachokwenda harakaharaka. Au, na hii ndiyo ninayoipenda zaidi, ifanye gridi yako iwe ya kumi na mbili, yaani kila pigo kubwa ligawanywe mara tatu badala ya mara nne. Besi yako ya kompyuta iache ikae kwenye 1, halafu uisogeze pamoja na ile dagga ya 6 na 7. Usiipige kila pigo kubwa kama kwenye muziki wa hausi, kwani hapo utaifunika ile nafasi iliyo wazi katikati ya chaal, na nafasi hiyo ndipo mchezaji anaponyanyulia mguu.

Garba ni hadithi nyingine, na hapa nadhani utafurahi. Garba inachezwa kwa duara kuzunguka chungu chenye taa au picha ya Mama, mungu wa kike Amba, siku tisa za Navratri, na UNESCO iliiingiza kwenye orodha yake ya urithi mwezi Desemba 2023. Midundo yake mikuu ni miwili. Mmoja ni keherwa, wa mapigo manane, ambao utaukuta karibu India yote ya kaskazini. Mwingine unaitwa hinch, wa mapigo sita, wa haraka, unaohesabika moja-mbili-tatu, moja-mbili-tatu. Wachezaji wenyewe huwa hawasemi hinch wala keherwa, wanataja makofi: be tali, makofi mawili, au tran tali, makofi matatu. Izime biti yako, iwashe lupu ya garba peke yake, uhesabu. Ikikubali tatu-tatu, ni hinch.

Na kama ni hinch, angalia kinachotokea. Hinch mbili ni kumi na mbili. Chaal yenye jozi ndefu-fupi, mapigo makubwa manne kila moja likigawanywa tatu, nayo ni kumi na mbili. Hivyo vipande viwili ulivyodhani vinagombana vinaweza kukaa meza moja bila tabu. Aliyekuwa mgeni mezani ni biti yako iliyogawanywa kwa nne. Wewe mtu wa Mombasa hili lisikutishe, chakacha umeisikia tangu utotoni na chakacha inakwenda kwa sita. Kiuno cha mtu wa pwani kinaijua hesabu hii kuliko programu yako. (Na bahari hii imepitisha ngoma pande zote mbili. Masidi wa Gujarat, wazao wa Waafrika waliofika huko karne nyingi zilizopita, bado wanacheza goma lao kwa ngoma kubwa wanayoiita mugarman kwenye kaburi la walii wao Bava Gor.)

Kukaa meza moja hakuna maana kwamba lazima wote waalikwe. Nikikushauri kama ningekuwa kwenye kiti chako, ningemuuliza mteja dhol ya Punjab ni ya nini. Gujarat ina dhol yake na dholak yake, ngoma ndogo ya mikono, na ndizo zinazochezesha garba. Kama anaitaka ya Punjab kwa sababu "ndiyo sauti ya India inayojulikana", hiyo si sababu ya kimuziki, na wimbo utakuwa na wenyeji wawili wanaogombea mlango. Ukishindwa kumshawishi, ihifadhi kwa sehemu moja tu, mathalani pale baada ya kiitikio cha pili ambapo sauti inanyamaza na watu wanacheza, kisha iondoke.

Kuhusu sauti yake nitapita haraka. Muulize Sa yake ni ipi, yaani noti anayoiona kama nyumbani, na upange ufunguo wa wimbo hapo. Watayarishaji wengi hupanga ufunguo kwanza kisha wanamwambia mwimbaji apande. Waimbaji wa garba na wa nyimbo za asili huteleza kutoka noti hadi noti, na mteremko huo ni sehemu ya lahani. Auto-Tune, ile programu ya kurekebisha noti za sauti, ikiwekwa kali inaugeuza kuwa ngazi. Iweke kasi ya kurekebisha iwe ya polepole, au iache kabisa. Pia usibadilishe noti za chini kila kipimo. Lahani hizi zilizaliwa juu ya noti moja inayovuma mfululizo. Noti mbili za besi kwa ubeti mzima zinatosha, na mara nyingi zinapendeza kuliko nane.

Tuje kwenye Kiswahili kisichoingia, jambo ambalo hata wataalamu wa muziki wa India huwa hawalielezi kwa sababu halijawahi kuwasumbua. Ushairi wa Kigujarati, Kihindi na ndugu zao hupima uzito wa silabi. Silabi fupi ni matra moja, ndefu ni mbili, na lahani inajengwa juu ya huo ufupi na urefu. Sisi tunahesabu mizani. Silabi nane ni nane, kila moja sawa na mwenzake, na mkazo unakaa kwenye ya pili kutoka mwisho. Kwa hiyo lahani ya Kigujarati imeshaamua tangu zamani wapi pa kuvuta na wapi pa kukimbia, na ukiimwagia mizani nane zilizolingana, noti ndefu inaangukia popote tu. Tuseme umeandika "njoo mwezini tucheze". Mswahili anasikia mwe-ZI-ni, tu-CHE-ze. Kama lahani inavuta noti yake ndefu kwenye "ni", utasikia mtu anaita "mwezi-niii", kama anayemwita mtu ng'ambo ya mto. Msikilizaji hatajua kasoro iko wapi, ila atasema wimbo "una lafudhi".

Kwa hiyo usianze na maneno. Mwambie binti aimbe lahani kwa "la la la", wewe uandike kwenye karatasi: ndefu, fupi, fupi, ndefu. Kisha tafuta maneno ambayo silabi yake ya pili kutoka mwisho inaangukia kwenye kila noti ndefu. Pale lahani inapokimbia, weka viambishi vyetu vidogo, ni-, tu-, -ki-, -li-, ambavyo havidai uzito. Utatupa mistari mingi uliyoipenda, ndivyo kazi ilivyo. Ukitaka kuona mtu aliyeifanya kwa ustadi, huna haja ya kwenda Mumbai. Marehemu Juma Bhalo wa hapo hapo Mombasa alijulikana kwa kuimba mashairi ya Kiswahili kwa lahani za filamu za Kihindi. Msikilize ukiwa na kalamu, uone neno analivuta wapi na analikata wapi. Hailazimishi noti ndefu ikae kwenye silabi isiyoitaka.

Garba pia ina kitu cha kukusaidia bure. Kwa desturi kiongozi anaimba mstari na duara linaitikia, na mistari mingi inafungwa kwa vikorombwezo visivyo na maana ya kamusi, "re" au "re lol". Usivitafsiri wala usiviondoe. Weka Kiswahili chako kabla yake na mwachie "re lol" kila anayecheza. Asiyejua Kigujarati ataishika mara ya kwanza, na asiyejua Kiswahili ataona yupo nyumbani.

Je, lugha nyingi zinapoteza wasikilizaji? Ushahidi unasema hapana. "Why This Kolaveri Di" ya mwaka 2011 ilikuwa Kitamil kilichochanganywa na Kiingereza cha mtaani, ikaimbwa nchi nzima na watu wasiojua Kitamil. "Naatu Naatu" ni Kitelugu, na mwezi Machi 2023 ilichukua Oscar ya wimbo bora wa filamu. Kwa upande wetu tuna Kili Paul, kijana wa Kitanzania aliyekuwa akifuatisha midomo nyimbo za Kihindi akiwa na dada yake Neema, hadi Waziri Mkuu Modi akawataja kwenye hotuba yake ya redio Februari 2022. Mtu hushika sauti na kipande kinachorudi, maana huja baadaye, au haiji kabisa na hakasiriki. Kinachompoteza ni kurukaruka. Lugha ikibadilika kila mstari, sikio halipati pa kutua. Mpango unaofanya kazi ni rahisi: lugha moja ikae kwenye kiitikio na isihame, nyingine ikae kwenye ubeti na isihame.

Ndiyo maana mistari ya Kipunjabi ningeitoa. Najua ilikotoka fikra hiyo. Tangu mwimbaji Daler Mehndi alipovuma mwaka 1995, na wimbo wa Panjabi MC ulipoingia redio za Ulaya na Marekani mwanzoni mwa miaka ya 2000, Kipunjabi kimekuwa kama lugha rasmi ya kucheza India, hata watu wengi wanadhani wanasikia Kihindi kumbe ni Kipunjabi. Mwimbaji Diljit Dosanjh alisimama kwenye tamasha la Coachella, Marekani, mwaka 2023 akaimba Kipunjabi. Lakini wote hao ni Wapunjabi. Kipunjabi ni lugha ya toni, sauti ikipanda au kushuka neno linakuwa jingine, na mtu aliyekariri mistari minne kutoka kwenye karatasi atagundulika kabla hajamaliza wa kwanza. Soko la Punjab limejaa waimbaji wa Punjab. Kitu ambacho hakuna mwingine anacho ni binti wa Kigujarati anayeimba Kiswahili kama mtoto wa Mombasa. Hicho ndicho cha kuuza, hata huko India.

Sasa suala la mwenyewe wa wimbo. Hapa naomba utulie, kwa sababu mwenzako amekuambia nusu ya ukweli, na nusu hiyo ndiyo inayowaingiza watu matatani. Ni kweli lahani ya kale isiyo na mtunzi anayejulikana haimilikiwi na mtu mmoja chini ya sheria ya hakimiliki ya India ya mwaka 1957. Lakini sheria hiyo inamlinda mtunzi maisha yake yote na miaka 60 baada ya kufa, na nyimbo nyingi zinazoitwa "za asili" zina mtunzi.

Mfano ulio karibu zaidi na kesi yako ni huu. Mwaka 2020 rapa Badshah alitoa "Genda Phool", na kiitikio chake kilikuwa cha Kibengali. Wimbo ulipotoka, kipande hicho kiliandikwa kuwa ni cha kiasili cha Bengali. Wabengali wakapiga kelele: ule ni wimbo wa Ratan Kahar, mtunzi aliye hai, anaishi wilaya ya Birbhum, na alikuwa mzee asiye na kitu. Badshah alimpelekea rupia laki tano. Mwaka 2024 serikali ya India ikamtunuku Kahar nishani ya Padma Shri. Sidhani kama kulikuwa na nia ya wizi. Kulikuwa na watu studioni waliosema "si ni wa asili tu" wasiulize zaidi.

Kwa upande wa garba mtego ni mkubwa zaidi. Avinash Vyas alitunga garba nyingi, mojawapo ni "Madi Taru Kanku Kharyu", na bibi za watu wanaziimba kama zimekuwepo tangu mwanzo wa dunia. Vyas alifariki mwaka 1984. Kwa sheria ya India kazi zake zinalindwa hadi mwisho wa 2044. Linganisha na Zaverchand Meghani, mshairi na mkusanyaji wa nyimbo za kiasili, aliyefariki 1947: ulinzi wake ulikwisha mwishoni mwa 2007, ndiyo maana "Mor Bani Thanghat Kare" wake, alioutunga kwa kufuata shairi la Tagore, ungeweza kuutumia leo bila kumlipa mtu kwa maneno yake. Wawili hao kwa sikio ni "wa asili" sawasawa. Kwa mwanasheria, wawili hao wako mbali kabisa.

Kwa hiyo kabla ya kurekodi, mrudishe binti kwa bibi yake, au kwa shangazi kama bibi hayupo. Aulize wimbo aliusikia wapi: kwenye duara, au kwenye kaseti na redio? Kama jibu ni kaseti, huenda kuna mtunzi, mtafuteni. Kumbuka pia kuna tabaka tatu tofauti, yaani maneno, lahani, na rekodi yenyewe. Lahani ikiwa huru, rekodi ya mtu mwingine ya lahani hiyo bado ni mali yake, na mitandao ya muziki inaweza kuitambua hata ukiikata vipande vipande. Na leseni ya lupu ulizonunua, isome. Nyingine zinaruhusu kutumia kwenye wimbo, ila hazikuruhusu kuzisajili kwa mfumo wa kutambua sauti, na ukifanya hivyo unaweza kuzuia nyimbo za wengine, au zako zikazuiwa.

Hata pale sheria haidai kitu, taja watu. "Enjoy Enjaami" ya mwaka 2021, ya Dhee na Arivu, ilichota kwenye maombolezo ya Kitamil yaitwayo oppari na kwenye simulizi za bibi yake Arivu, Valliamma, aliyefanya kazi kwenye mashamba ya chai ya Sri Lanka. Wimbo ulipokuwa mkubwa, walioufanya walibishana hadharani kuhusu nani atajwe kwa lipi na malipo yako wapi. Andikeni karatasi moja mapema, kabla hakuna pesa: bibi anatajwa vipi, binti ana asilimia ngapi, wewe ngapi, mpiga ngoma ngapi. Ni karatasi rahisi kuandika leo, na ngumu sana baada ya wimbo kupata wasikilizaji milioni.

Una njia tatu. Unaweza kubaki na lupu, uhamie kwenye gridi ya kumi na mbili, na kumaliza kwa wiki moja. Itakaa vizuri, lakini itafanana na nyimbo nyingine zilizotumia lupu hizo hizo. Unaweza kumtafuta mpiga dholak wa jamii yao, umrekodi akipiga huku binti akiimba chumba kimoja, bila klik, ule mlio wa kupimia kasi, kisha uifuate kasi yao. Itakugharimu siku nzima na malipo ya mpigaji, na kasi itapanda kidogo kuelekea mwisho, kwa kuwa garba hupanda. Usiishushe. Au unaweza kuachana na ngoma kabisa kwenye ubeti, ubakize sauti na makofi ya tran tali ya watu kumi kwenye sakafu ngumu, na ngoma zikaingia kwenye kiitikio. Mimi ningechukua ya tatu, nikaongeza ya pili kwenye kiitikio kama fedha inaruhusu. Makofi yanagharimu chai na mandazi tu, na hakuna kampuni inayouza lupu yenye sauti ya ukumbi huo.

Kuna mambo ambayo maandishi hayatayamaliza. Matamshi ya Kigujarati yasikilizwe na mtu mzima anayekisema nyumbani, ana kwa ana, kabla hujachanganya sauti. Kigujarati kina irabu zinazotoka na pumzi ambazo watoto waliozaliwa nje mara nyingi wamezipoteza, na mwimbaji hatajisikia mwenyewe. Kama wimbo unamtaja Mama Amba, familia isome ubeti wa Kiswahili na ikubali. Garba ni ibada kabla ya kuwa dansi, na kiitikio cha pombe au cha kiuno kinaweza kuwaumiza watu ambao ndio wasikilizaji wenu wa kwanza. Na ikibainika lahani ina mtunzi, acha kusoma majibu ya watu kama mimi. Nenda Bodi ya Hakimiliki ya Kenya, KECOBO, au kwa wakili wa mambo ya hakimiliki, ukiwa na jina la mtunzi na mwaka aliofariki mkononi. Muulize pia kuhusu sheria ya Kenya ya mwaka 2016 inayolinda maarifa ya jadi na sanaa za kitamaduni, hasa kama siku moja utataka kutumia chakacha au ngoma nyingine ya hapa kwa namna hii.

Kwa leo, fungua mradi mpya, usiburute chochote kutoka ule wa zamani. Mrekodi binti kwa simu tu akiimba lahani nzima huku akipiga makofi kama anavyopiga Navratri. Tafuta kasi yake mwenyewe kabla ya kuandika namba yoyote kwenye programu. Sitashangaa isipokuwa 112. Ukikwama kuitambua, nitumie sekunde thelathini za sauti na makofi, bila biti, nikuambie kama ni hinch au keherwa.